Mara Tatu Mlangoni

Koti la harusi lilitundikwa kwenye msumari nyuma ya mlango wa mahakama, na hakuna aliyeuliza ni la nani. Kengele alikuja nalo asubuhi ndani ya mfuko wa plastiki. Mkewe alikuwa amelipiga pasi mpaka mikunjo yote ya miaka ikakubali kulala.

“Zamu yako ikifika, vua hayo magwanda ya kazi uvae koti,” alimwambia. “Jaji aone mtu, asione mlango.”

Kengele alikuwa mhudumu wa mlangoni. Karani akisoma jina, yeye hutoka kwenda ukumbi wa kusubiria na kuliita mara tatu. Mtu akiwepo, anamwingiza. Asipokuwepo, anarudi kusema hayupo. Sauti yake ndiyo iliyompa jina. Kazini alikuwa Kengele, mtaani Mzee Kengele, nyumbani baba watoto, na jina alilopewa na wazazi wake lilikuwa limebaki kwenye kitambulisho tu.

Kusimama kulikuwa kumemmaliza miguu. Jioni ilivimba hadi viatu vikagoma kuvulika. Mhudumu mkuu hukaa kwenye kiti, masijala, na zamu yake ya cheo hicho ilikuwa imeshafika pale ulipokuja waraka mpya: hapewi asiye na cheti cha kidato cha nne. Kengele aliajiriwa na darasa lake la saba, enzi hizo likitosha na kubaki. Akashtaki. Jaji wa mashauri ya watumishi wa umma alikuja mjini mara moja kwa mwaka, na mwakani Kengele angekuwa ameshastaafu. Ilikuwa leo au basi.

“Chukua wakili,” mkewe alimsihi. “Mganga hajigangi.”

“Mawakili nimewasikia maisha yangu yote. Wanachosema nakijua.”

Aliomba ruhusa ya siku hiyo moja. Bosi wake akacheka. “Sasa nani ataita? Jaji amekuja na karani wake, na sauti ya yule binti haifiki hata dirishani. Wewe ita wenzako. Ikifika yako, unaingia.”

Kengele hakukasirika. Zamani angekasirika. Siku hizi hasira ilimfikia kama habari za mji mwingine, akaisikia na kuendelea na shughuli zake.

Wa kwanza alikuwa nesi aliyenyimwa cheo kwa kukosa kozi ambayo hospitali yenyewe ilimkatalia kwenda. Alilia. Kengele akamsogezea kiti, akarudi mlangoni. Akafuata dereva, akafuata mwalimu mkuu msaidizi aliyekaimu mpaka mvi zikamwota. Wote walikuwa na uchungu mmoja, na Kengele hakusikiliza hata mmoja.

Hakuwa mtu mbaya. Alipoanza kazi alisikiliza kila neno, akawa anarudi nyumbani chakula hakipiti. Ndipo alipojifunza kuita tu. Jina liliingia sikioni, likatokea mdomoni, moyoni halikupita. Kuna siku mkewe alikuja kutoa ushahidi katika ugomvi wa mpaka wa jirani. Kengele akaita jina lake lote, mkewe akasogea, naye akamwambia, “Pita mama, zima simu.” Mke anamtania kwa hilo hadi leo.

Akaitwa mpima ardhi. Hakuwepo. Wakili wa serikali akainuka kuomba shauri lifutwe, jaji akalifuta. Akaitwa bibi afya, akaingia na mwavuli unaochuruzika maji, Kengele akaupokea akauweka pembeni.

Baada ya chai karani akasoma jina jingine. Kengele akatoka. Ukumbini walikuwa wamebaki wachache, mama mmoja akisinzia, bwana mmoja akitafuna karanga. Akaita. Sauti ikagonga ukuta wa mwisho, ikarudi. Akaita tena, akawatazama wote nyusoni. Yule bwana akatikisa kichwa, si yeye. Kengele akamwonea huruma kidogo huyo mtu, asumbuke muda wote huo halafu siku yenyewe asitokee. Miguu ilimwuma. Akaita mara ya tatu, akafunga mlango.

“Hayupo, Mheshimiwa.”

“Umeangalia vizuri?”

“Nimeita mara tatu, Mheshimiwa.”

Wakili wa serikali alikuwa ameshasimama. Jaji akaandika kidogo, akamwashiria karani aendelee. Bwana wa karanga akaitwa, akaja akipangusa mikono kwenye suruali, akaeleza kwa kirefu jinsi kijana aliyejifunza kazi kwake alivyogeuka kuwa bosi wake.

Mchana ulipoisha, jaji akainuka. Wote wakasimama, Kengele akainamisha kichwa kama desturi. Kisha akavua magwanda, akavaa koti. Lilimbana mabegani. Akalifunga kifungo kimoja kilichokubali, akamwendea karani aliyekuwa akipanga mafaili.

“Binti yangu, jaji anarudi saa ngapi?”

“Harudi, baba. Tumemaliza.”

“Mmemaliza vipi? Mbona yangu haijaitwa?”

“Ya kwako ipi?”

“Ya cheo. Mhudumu wa mlangoni anayedai kuwa mhudumu mkuu.”

Binti akatazama rundo la waliosikilizwa, hakuiona. Akavuta lile dogo la mashauri yaliyofutwa, akalipekua, akachomoa faili la yule ambaye hakufika baada ya chai. Akalifungua, akasoma jina polepole kwa ile sauti yake isiyofika dirishani.

“Nipo,” akaitika Kengele.