Sauti Yangu Saa za Masomo

Kila roboti mwalimu hupewa sauti ya mama wa mtoto, ili mtoto asikie. Ndiyo maana sheria inatukataza sisi kina mama kusema saa za masomo. Eti tutawachanganya.

Basi kila asubuhi nakaanga maandazi kimya, roboti ikimfundisha Mwanakheri wangu kuhesabu kwa sauti ile ile niliyombembelezea.

Leo aliinuka ayahesabu maandazi, akapeleka kidole kwenye karai la mafuta yanayochemka.

"Mwanakheri! Usiguse!" Sheria niliisahau.

Kidole kikasimama hewani. Hakunitazama. Aliigeukia roboti.

"Mama," aliiuliza, "nimsikilize huyu?"

"Msikilize, mwanangu," ilijibu kwa sauti yangu.

Ndipo akaurudisha mkono.