Filimbi ya Mwanzi

Siku ya kurekodi, fundi mitambo alimwambia Mihoko, kiongozi wa bendi, "Dada, hiyo filimbi ya kwenu iondoe. Tarumbeta zinaifunika."

Mihoko alikuwa amehangaika mwaka mzima na kibao hicho, akichanganya jazi na muziki aliolelewa nao Japani.

"Haiondoki," alijibu, kisha akawageukia wapigaji wake kumi na sita. "Nikianza kupuliza, nyamazeni. Mtaingia nikiishusha."

Wakapiga kwa kishindo, wakanyamaza ghafla. Sauti nyembamba ya mwanzi ikapanda taratibu, ikatetemeka, ikajaa studio nzima.

Alipoishusha filimbi, hakuna aliyeingia. Mpiga ngoma alikuwa amefumba macho. Nyuma ya kioo fundi alikuwa amesimama wima, na kanda ikiendelea kuzunguka.