Mbuzi ya Nazi

Mzee Faki alimkuta mwanawe Khatibu amekaa juu ya mbuzi, anakuna nazi kama mwanamke.

"Mkeo yuko wapi?"

"Amelala, baba. Mikono inamuuma."

"Mama yako amekuna nazi miaka arobaini. Sijamsikia hata siku moja akisema mikono inamuuma."

Khatibu aligeuza kizio cha nazi, akaendelea. "Uliwahi kumuuliza?"

Mzee hakungoja chai. Alirudi kwake amefura kwa hasira, akaingilia mlango wa uani. Bi Mize, mkewe, alikuwa kwenye mbuzi kama kila siku saa hizo. Alikuna mara tatu, akaacha. Akavikunjua vidole vya mkono wa kulia, kimoja kimoja, kwa mkono wa kushoto. Kisha akakuna tena.

"Inuka," mzee alisema.

Bi Mize aliinuka haraka. "Nimekosa nini?"

 Mzee alipandisha kanzu, akakaa juu ya mbuzi. Kibao kilikuwa kifupi, magoti yakamfika kifuani. Akanyoosha mkono.

"Unaanzia katikati au pembeni?" aliuliza.

Bi Mize alibaki amesimama, kizio kifuani, amekikumbatia kwa mikono miwili.