Sauti ya Shingo

Tangu sheria ipige marufuku sauti za kughushi katika filamu, Mzee Shekuwe, mwigizaji aliyekufa kishujaa mara mia mbili bila kukwaruzwa kabla ya kuhamia chumba cha sauti, hakuvunja tena miwa mbele ya maikrofoni ili isikike kama mifupa. Alivunja vidole vyake mwenyewe. Vilibaki viwili vizima, kwa hiyo mkewe ndiye aliyemlisha ugali.

“Leo mnarekodi nini, Baba Kiangi?”

“Shingo ikivunjika.”

Tonge lilisimama hewani. “Hiyo si unaivunja mara moja tu?”

“Ndiyo maana wamenisihi nisikosee.”

“Nawe ukakubali.”

“Wangempa nani? Vijana wa leo wanalilia hata kidole.”

Mkewe alimtia tonge mdomoni. “Basi tafuna polepole,” alisema, “nikusikilize.”