Sauti Ndani ya Mchezo

Sheria ilisema mtu akifa, michezo yake ifutwe, na kuweka nakala ni jela. Mwanaheri aliijua sheria hiyo, lakini mumewe Shekue alikuwa mgonjwa hoi, na sauti yake ya ujana ilikuwa imerekodiwa ndani ya mchezo wa kifaa cha mkononi waliokuwa wakiucheza enzi za uchumba. Akakiunganisha kifaa hicho na kompyuta kwa waya, aunakili mchezo. Mchezo ulipofunguka, sauti ikacheka: "Umeshindwa tena, Mwanaheri!"

Binti yao Zaituni akaingia mbio kutoka chumba cha mgonjwa.

"Mama, watu wa Idara ya kufuta michezo wamepiga simu, wameona kuna mchezo unanakiliwa humu, wanauliza ni nani. Baba amewaambia ni yeye. Wanakuja!"

Mwanaheri akafuta kila kitu, akaenda kumshika mumewe mkono. Nje, gari lilikuwa linaegeshwa.