Kioo Juu ya Ufa

Kile kipande cha kioo kilikuwa kimekatika tena.

Timazi alikibandua kwa ncha ya kisu, akakitia mfukoni. Kila mwashi anaujua mtego huo: bandika kioo chembamba juu ya ufa, kigandishe kwa saruji pande zote mbili, kisha ngoja. Kioo kikidumu, ufa umelala. Kikikatika, ufa unatembea.

Huu ulikuwa unatembea.

Aliuziba kwa lipu, akapaka rangi juu yake mpaka nguzo ya chumba cha chini ikang'aa. Ghorofa nne zilikuwa juu ya kichwa chake. Alizijenga mwenyewe, na alijua alichokimwaga ndani ya nguzo ile: mchanga wa kushiba, saruji ya kunusa. Nje, mawingu yalikuwa yanapanga safu.

"Unatupambia nyumba, Fundi?" mpangaji mmoja akamtania kutoka ngazini.

"Mwari asipopambwa nani atamwoa?"

Akanawa mikono, akakimbilia ofisi ya ardhi.

"Mzee Timazi!" karani akamwona kabla hajafika dirishani. "Wewe sasa tukupe kitanda hapa."

"Kitanda ninacho. Jina libadilike."

"Msajili hajasaini. Yuko semina."

"Semina ya tangu mwaka jana? Atatoka profesa."

Karani alicheka, kisha akapunguza sauti. "Bosi anaogopa, mzee. Lile ghorofa la kona lilipoanguka, polisi walikuja hapa hapa dirishani. Hawakuuliza nani kajenga wala nani anaishi. Waliuliza jina lililoandikwa, basi. Mwenye jina lile mpaka leo anakula kwa ratiba ya askari jela."

Timazi hakucheka. Alitoka pale moja kwa moja hadi kwa wakili.

Wakili alikuwa mwanamke mwembamba, ulimi wembe. Alipekua makaratasi yote, akayagonga mezani yakae sawa.

"Ada imelipwa, ramani ipo, saini zipo. Msajili si mungu mdogo. Masharti yakitimia hana hiari ya kulalia faili kama kuku anayeatamia. Tutaiomba mahakama imwamuru."

"Itachukua muda gani?"

"Una haraka gani, Timazi?"

Alitazama dirishani. "Mvua," akasema, na wakili akadhani amebadilisha mazungumzo.

Siku ya kesi, mkunga mstaafu, yule waliyeandikiana naye mkataba, alikuja kukaa kando yake kwenye benchi la nyuma. Mikono ya mama huyo ndiyo iliyompokea binti pekee wa Timazi duniani, na sasa binti naye alikuwa na mimba pevu.

"Mwanangu, hangaiko lote hili la nini?" mkunga alimnong'oneza. "Mimi na wewe tumekwisha malizana. Haya mengine makaratasi."

"Makaratasi ndiyo uhai, mama."

"Una moyo wewe. Wema huu sitauacha uende bure."

Mbele, wakili wa serikali alikuwa anaomba muda zaidi. "Msajili bado anafanya uchunguzi, mheshimiwa."

"Uchunguzi wa nini?" jaji akauliza.

"Wa... jumla, mheshimiwa."

Chumba kizima kikacheka. Jaji hakucheka. "Ngoja ngoja huumiza matumbo. Msajili asajili kabla ya wiki kwisha. La sivyo, aje hapa anieleze kwa nini asilale rumande kwa kuidharau mahakama hii."

Timazi alikishika kile kioo mfukoni hadi kikamchana kidole.

Wiki ilipokaribia kwisha waliitwa ofisini kwa msajili. Bwana mkubwa alisaini bila kumtazama mtu, kalamu ikikwaruza karatasi kwa hasira. Akaudidimiza muhuri. Papo hapo mvua ikashuka juu ya bati, si manyunyu, bali mvua ya kumwagwa.

Timazi akashusha pumzi aliyoibeba miezi na miezi. Sasa inyeshe, akajisemea. Inyeshe inavyotaka.

Msajili akaiinua hati, akaipitisha mbele ya pua ya Timazi, akamkabidhi mkunga. "Hongera, mama. Kuanzia sasa jengo ni lako."

Mama aliikumbatia hati kama kichanga, machozi yakimlenga. Kisha akamgeukia aliyemuuzia.

"Nilikwambia wema wako hautaenda bure, mwanangu. Binti yako nimemhamishia kwangu leo asubuhi, chumba cha chini, kile chenye nguzo uliyoipaka rangi. Uchungu umekwisha kumwanza. Nimewaambia majirani wasimwache anyanyuke kitandani mpaka nirudi."