Mkono wa Ndekirwa

Siku hizo mchezaji wa tenisi alistaafu, lakini mkono wake ulibaki kazini. Kijana aliye uwanjani aliweza kuazima pigo la bingwa wa zamani, na kila alipopiga, mkono wa yule bingwa nao ulipiga, popote alipo. Ndiyo maana kila fainali, ilipokaribia saa tisa alasiri, Aminieli alimfunga mkewe Ndekirwa, bingwa wa zamani, mkono kwenye mguu wa kabati kwa khanga mbili.

Siku moja waandaaji waliogopa mvua, wakaianza fainali saa nane. Ndekirwa alikuwa akimsuka binti yao Manka. Pigo la kwanza lilipasua kioo. La pili lilimwelekea mtoto, Aminieli akajitupa katikati, damu ikaruka ukutani.

“Kimbia, mwanangu!” Ndekirwa alipiga kelele.

Manka hakukimbia. Aliuvamia mkono wa mama yake kwa khanga, akaufunga kabatini kwa fundo lile lile la baba. Baadaye redio ya jirani ikalipuka kwa shangwe za ushindi.

Aminieli akatema jino. “Hongera, mke wangu. Umeshinda tena.”

Manka hakucheka.

“Mama,” alisema, “jana mwalimu wa michezo kaupima mkono wangu. Anasema una pigo kama lako.”